Zamu ya Kikamba

Redio ya baba ilikaa juu ya kabati, mahali ambapo sisi watoto hatukufika hata tukipanda kiti. Nyumba yetu ya reli pale Voi ilipakana ukuta kwa ukuta na ya fundi mmoja Mkamba kutoka Mutomo, mtu mrefu, mikono yake ikinuka grisi hata siku ya Jumapili. Yeye hakuwa na redio. Jioni alipiga hodi, akaketi kwenye kigoda karibu na mlango, akangoja. Kikamba hakikuwa hewani kutwa. Kilikuwa na zamu yake, na kabla ya zamu hiyo zilipita lugha za watu wengine, nasi tulizisikiliza zote kwa kuwa baba alikataza mtu kuchezea kitufe. Zamu ya Kikamba ilipoingia, fundi aliinamisha kichwa kama mtu aliyesikia akiitwa kwa mbali. Magitaa yalianza, na kidole gumba cha mguu wake kikaanza kugonga sakafu. Akinikuta mlangoni alinisalimu, "Wakya," nami nikajibu, "Aa," kama alivyonifundisha.

Januari iliyopita nilikwenda Ukambani kuitafuta zamu ile. Najua kwamba shirika la utangazaji la umma lina maktaba yake Nairobi, katika jengo la Barabara ya Harry Thuku, na kwamba historia ya kiofisi imelala huko kwenye rafu. Mimi nilitaka kuanzia mwisho wa pili wa mawimbi, kwa watu waliopokea. Niliweka redio ndogo mfukoni, nikapanda basi la asubuhi, nikashuka Emali.

Matatu ya kwenda Wote ilijaa upesi. Ulikuwa msimu wa maembe na kando ya barabara yalilundikwa kama matofali, mengine yakiwa tayari kwenye kreti za kwenda Nairobi na Mombasa. Mlima wa Nzaui ulijitokeza, mwamba mtupu juu, kisha ukajificha, kisha ukajitokeza tena. Kila ulipojificha, redio ya dereva ilikoroma. Mawimbi ya FM husafiri kwa mstari ulionyooka kama macho, na kilima kikikaa katikati, anayekaa nyuma yake hupokea kelele tupu. Masafa ya kati, yale ya zamani, hayakuwa hivyo. Yalifuata ardhi mchana, na usiku yaligonga tabaka za juu za anga na kurudi chini mbali sana. Ndiyo maana mzee wa Mbooni, aliyezungukwa na milima pande zote, aliweza kuisikia Nairobi saa mbili usiku vizuri kuliko mjukuu wake anavyoisikia leo kwenye simu.

Wote, mji mkuu wa kaunti ya Makueni, nilimkuta fundi wa redio chini ya mwarobaini, meza yake imefunikwa vyuma vya kuunganishia, waya na vioo vya redio vilivyotolewa. Nilimwuliza kama bado anapata kazi, maana kila mtu ana simu.

"Wazee ndio wananilisha," alisema. "Mzee hataki mpya. Anataka ile ile iongee tena."

Alinionyesha moja iliyokuwa ikingoja mwenyewe. Kwenye kioo, juu ya mstari wa namba, palikuwa na nukta nyekundu ya rangi ya kucha. Nilidhani ni uchafu. Akaniambia ameiweka yeye, kwa ombi la mteja, nyanya mmoja asiyeona vizuri, mahali ambapo sindano inapaswa kusimama ili aipate Mwatu bila kuomba msaada. Mwatu FM ndiyo stesheni ya Kikamba ya shirika la umma, KBC. Mwatu ni mzinga wa nyuki.

Jina hilo nimelipenda tangu siku ya kwanza nilipolisikia. Mtu akipita Kitui kusini ataona mizinga ya magogo ikining'inia kwenye migunga na mibuyu, kila mmoja una mwenyewe, na hakuna anayeugusa mzinga wa mwingine. Wakamba wamechagua majina ya stesheni zao kutoka nyumbani kabisa. Musyi, ya kampuni binafsi, ni nyumbani penyewe. Mbaitu ni wetu, watu wa kwetu. Syokimau ni yule nabii wa kike ambaye inasimuliwa aliiona reli kabla haijajengwa, nyoka mrefu akipita katika nchi. Ukiyasikia majina haya yakifuatana unapata ramani ya mambo ambayo jamii hii isingependa kuyapoteza.

Lakini kabla ya mizinga hii yote palikuwa na mzinga mmoja mkubwa, na lugha zote zilikaa humo.

Utangazaji wa redio ulianza Kenya mwaka 1928, ukiwalenga walowezi wa Kizungu waliotaka habari za kwao. Mwafrika hakufikiriwa. Vita Kuu ya Pili ndiyo iliyofungua mlango kidogo, kwa sababu vijana walikuwa wamepelekwa mbali, Wakamba wengi miongoni mwao wakiwa katika KAR, jeshi la kikoloni la King's African Rifles, na serikali ilihitaji njia ya kuzungumza na familia zao. Mwaka 1953, wakati wa Hali ya Hatari, iliundwa idhaa ya Waafrika, yenye matangazo kwa Kiswahili na lugha kadhaa za nchi, Kikamba kikiwemo. Mkoloni alitaka kuyaelekeza masikio ya watu. Watu walichukua muziki, na mengine wakayaacha yapite. Mwaka 1961 likaja shirika lenye jina la KBC, Julai 1964 serikali huru ikaligeuza kuwa Sauti ya Kenya chini ya wizara, na mwaka 1989 jina la KBC likarudi. Mtu wa umri wangu bado huteleza akasema "Sauti ya Kenya", na anayemsikiliza hamsahihishi.

Katika Sauti ya Kenya palikuwa na Idhaa ya Taifa kwa Kiswahili, idhaa ya Kiingereza, na idhaa ya lugha za mama ambamo lugha zaidi ya kumi zilipokezana. Hapo ndipo ilipotoka zamu. Saa chache kwa Kikamba, na ndani ya saa hizo taarifa ya habari, kilimo, matangazo ya vifo, mahubiri, salamu, na kilichobaki ndicho kilikuwa cha muziki. Bendi zilikuwa nyingi, nafasi ilikuwa finyu kama tundu la sindano.

Ni miaka ile ya sabini na themanini ambapo muziki wa benga, uliozaliwa upande wa Nyanza, ulipanda milima ya Ukambani na kupata sauti nyingine. Gitaa la solo likawa jembamba na kali, besi ikawa nzito, ngoma ya mguu ikapiga bila kupumzika, kama mtu anayetwanga muthokoi, mahindi ya kukoboa. Peter Mwambi na Kyanganga Boys wake walilijua pigo hilo kuliko wote. Francis Danger aliongoza Lower Mbooni Boys, na jina la bendi lilitosha kumwambia msikilizaji wimbo umetoka kijiji kipi. Onesmus Musyoki alikuwa na Kalambya Boys, na kutoka ubavuni mwao wakatoka Kalambya Sisters, sauti za juu kama za watoto, ambao wimbo wao juu ya msichana Katelina ulivuka Ukambani mwanzoni mwa miaka ya 1980 na kuimbwa na watu wasiojua neno la pili la Kikamba. Mimi nilikuwa mmoja wao. Tuliuimba shuleni Voi kwa maneno tuliyoyabuni wenyewe, fundi akatusikia, akacheka mpaka akashika ukuta.

Na Kakai Kilonzo. Alizaliwa mwaka 1954, akaunda Kilimambogo Brothers katikati ya miaka ya sabini, akafariki mwaka 1987 akiwa bado kijana. Kakai alielewa jinsi redio ya umma ilivyopangwa. Wimbo wa Kikamba ungengoja zamu ya Kikamba. Wimbo wa Kiswahili ungeingia Idhaa ya Taifa na kufika Lamu, Busia na Lodwar siku hiyo hiyo. Basi akaimba Kiswahili pia, Kiswahili chepesi cha mtu wa Ukambani, bila kuyaondoa magitaa ya kwao. Wapo wanaosema alilifuata soko. Mimi nasema aliwapelekea Wakenya wengine mapigo ya kwao kwa lugha waliyokuwa nayo wote, na sijui zawadi kubwa kuliko hiyo.

Mwaka 1980 lilitoka agizo kwamba asilimia 75 ya muziki unaopigwa na Sauti ya Kenya uwe wa Kenya. Halikudumu. Nilipomtajia fundi wa Wote, ambaye hakuwa amezaliwa wakati huo, alikaza skrubu, akapuliza vumbi, akasema, "Wangeliacha mwaka mmoja tu, tuone."

Kutoka Wote nilishuka hadi Makindu, nikalala, asubuhi nikawa Kibwezi. Hotelini, wakati wa chai na mahamri, redio iliyotundikwa juu ya kaunta ilikuwa ikisoma kwa sauti ya mwanamke habari za mkutano wa kikundi na mbuzi aliyepotea. Hiyo ni Mang'elete, ambayo makao yake yapo Nthongoni, upande wa Mtito Andei. Historia yake nitaitaja kwa heshima yote. Vikundi 33 vya akina mama, waliokuwa tayari wameungana kwa kazi za maendeleo, waliamua kwamba wanahitaji kusikizana, kwa kuwa vijiji vyao vimetawanyika na barabara ni mbovu. Mwaka 2004 stesheni yao ikaingia hewani, miongoni mwa redio za kijamii za kwanza nchini. Shirika la umma lilikuwa limewapa Wakamba saa chache kwa siku kwa miaka hamsini. Wanawake hawa walijipa siku nzima. Mhudumu aliyeniletea chai alisimama na birika mkononi mpaka habari ya mbuzi ilipokwisha, ndipo akamimina.

Barabara ya Kibwezi hadi Kitui sasa ni lami. Mtu aliyeijua zamani ataelewa kwa nini wazee huigusa kwa fimbo wakishuka garini. Tulikuwa saba ndani ya gari la Probox, magunia ya ndengu nyuma. Tuliuvuka Mto Athi, tukaupanda uwanda wa Yatta, ule mkondo wa lava iliyotiririka zamani ikakauka kwa urefu wa karibu kilomita 300, tambarare juu kama meza. Bondeni redio ilikufa. Juu ya Yatta ikafufuka. Ikutha ikapita, kisha mizinga ya magogo mitini, kisha Mutomo.

Mke wa yule fundi wa Voi bado yupo. Alikuwa ameketi kivulini akisokota uzi wa kiondo kwenye paja, na kijana aliyenipeleka alimwambia kwa Kikamba mimi ni mtoto wa nani. Alinitazama kwa muda, akasema, "Wakya." Nikajibu, "Aa." Machozi yalinilenga papo hapo, na sikuona haja ya kuyaficha.

"Mwaitu," nikamwambia, kwa maana hivyo ndivyo mama huitwa huku, "nimekuja kuuliza juu ya redio."

Alicheka. Akasema mumewe alikuwa mtu wa reli na reli haikumwacha aje nyumbani ila mara mbili kwa mwaka. Barua alizituma, lakini yeye hakujua kusoma, na aliyemsomea alikuwa mwenye duka, kwa hiyo mume hakuandika mambo ya moyoni. Walipatana hivi. Zamu ya Kikamba ikianza, yeye Mutomo angekuwa penye redio ya dukani, na mume Voi angekuwa penye redio ya jirani.

"Kwenu," alisema.

Kwetu. Miaka yote ile nilidhani fundi anakuja kusikiliza muziki.

"Tulisikia wimbo mmoja, yeye huko na mimi hapa. Nilijua sasa hivi anasikia hili gitaa. Ukiisha nilienda nyumbani."

Nilimwuliza alifanya nini wakati wa kungoja, kabla ya Kikamba. Akasema alisikiliza. Kimeru alikielewa nusu, kwa kuwa ni jirani wa Kikamba. Kimasai hakukielewa hata kidogo, lakini kulikuwa na nyimbo zao za wanaume wengi, sauti zikitoka kifuani, ambazo alizipenda, na mara mbili tatu alifika mapema kwa ajili yake. Aliniimbia kipande. Mwanamke wa Mutomo, ambaye hajawahi kufika Narok, ameubeba wimbo wa Kimasai zaidi ya miaka arobaini kwa sababu zamu yao ilitangulia yake.

Kisha akaniambia habari ya kadi. Watu wa salamu wanaikumbuka: uliandika kwenye kadi majina ya unaowasalimu na wimbo unaoutaka, ukaituma, na mtangazaji akachagua. Fundi alituma kadi yenye jina la mkewe. Akamwandikia barua, mwenye duka akaisoma, na duka zima likajua. Yeye akangoja. Ulikuwa mwaka 1984, ukame ule ambao Wakamba wanausimulia kama njaa ya kufa ukiwa na pesa mkononi, kwa maana mtu alikuwa na shilingi na madukani hapakuwa na unga. Maji yalikuwa mbali. Walichimba kwenye mchanga wa mto uliokauka, shimo likiingia mpaka mtu mzima asionekane, na kila mmoja alingoja zamu yake ya kuteka kwa kibuyu, kidogo kidogo. Siku moja foleni ilikuwa ndefu, jua likazama akiwa bado huko. Aliporudi na mtungi aliwaona wanawake wanamkimbilia njiani, wanapiga vigelegele. Jina lake lilikuwa limesomwa Nairobi. Lake, na la mama yake, na la kijiji. Wimbo ulikuwa wa Kakai.

"Ulijisikiaje, mwaitu?"

"Niliweka mtungi chini."

Baada ya hapo hakukosa zamu hata moja kwa mwaka mzima. Kadi nyingine zilitumwa, hazikusomwa. Hakuwahi kulisikia jina lake likitamkwa redioni. Alilisikia kutoka kwa wanawake wale, waliomwigiza mtangazaji kwa miaka mingi kila walipokutana naye kisimani, na mmoja wao, aliye hai hadi sasa, bado humwita kwa sauti ile ya mtangazaji.

Pembeni ya mlango palikuwa na redio, nayo ilikuwa imefunguliwa kwa sauti ya chini, Kikamba, tangu asubuhi. Nikamwuliza kama anafurahia kuwa na lugha yake kutwa kucha. Akasema anafurahia sana. Akaongeza kwamba sasa akiondoka kwenda shambani haoni kama ameacha kitu.

Kitui mjini nilikaa siku mbili. Karibu na soko la Kalundu nilielekezwa kwa mzee aliyewahi kupiga ridhimu katika bendi ambayo haikutoa sahani nyingi. Anazo sahani zake sita za santuri, katika mifuko ya karatasi, na hana kinanda cha kuzipigia tangu sindano ilipovunjika. Aliniambia walipanda basi usiku hadi Nairobi, wakarekodi asubuhi, wakarudi jioni, na kwa wiki nyingi hawakujua kama nyimbo zimekubaliwa. Alizisikia akiwa juu ya paa, akiezeka nyumba ya mwalimu. Hakushuka. Aliogopa akishuka ngazi wimbo utaisha.

Alipoulizwa anataka nini sasa, hakutaja pesa, ingawa anazihitaji. Alisema anataka kuzisikia tena kabla hajafa. Nami nasema kwa niaba yake, kwa kuwa nimeona alivyozishika zile sahani sita: zilizobaki za miaka ile katika maktaba ya umma zirudishwe hewani, mara kwa mara, kwa majina ya wapigaji wote mpaka mpiga manyanga. Zililipiwa na umma. Na stesheni za lugha moja moja, ambazo nazipenda, zingeweza kwa saa moja kwa juma kupigiana nyimbo, Mwatu ikapiga za Kimasai, na stesheni ya Kimasai ikapiga za Kikamba. Tulikuwa tunasikilizana kwa sababu tulilazimika kungojana. Leo tungehitaji kuamua kufanya hivyo.

Nilirudi kwa Probox ya asubuhi. Dereva alikuwa ameweka wimbo wa zamani, magitaa mawili yakifukuzana, na nyuma yangu mama mmoja mwenye kuku kwenye kikapu aliufuata kwa mdomo uliofungwa. Tuliteremka kutoka Yatta kuelekea Athi, na kwenye kona ya pili redio ikapotea. Kelele tupu, kama mchanga ukimwagwa juu ya bati. Nilingoja dereva aizime. Hakuizima, na hakuna aliyemwambia aizime. Mzee aliyekaa mbele alinyoosha kidole akakigonga kioo cha redio mara moja.

"Iko njiani," akasema.

Tukavuka daraja. Maji ya Athi yalikuwa ya rangi ya chai. Tulianza kupanda upande wa Makueni, na katikati ya ile kelele ikachomoza sauti ya mwanamke, kwanza silabi, kisha neno, kisha jina la mtu na la kijiji chake, halafu jina lingine, na lingine. Zilikuwa salamu. Mama mwenye kuku akaacha kuimba ili asikie.